Kigiriki cha Kumrithi Baba Mkwe

Jumatatu, 3 Machi
Baba mkwe anastaafu. Amesema mezani kwamba ofisi yake ya upimaji ardhi atamwachia mtu anayeijua kazi hadi mizizi. Akamtazama mwanawe, shemeji yangu, ambaye kwa kutembea wima namwita Rula. Rula akasema, kwa unyenyekevu wa kuudhi, kwamba jiometri ni neno la Kigiriki: ge ni ardhi, metron ni kipimo. Mzee nusura alie kwa furaha. Miaka yote hii nachora ramani pale ofisini, sijatazamwa hivyo hata siku moja. Mizizi wanataka. Watapewa mizizi.

Jumanne, 4 Machi
Nimeazima kamusi nene maktaba. Kumbe Wagiriki wametapakaa kila mahali. Kilo ni elfu. Thermos ni joto, ndiyo maana kipimajoto huitwa themometa. Baros ni uzito. Mke wangu ameuliza kama nimemaliza ramani ya kiwanja cha msusi mmoja, mteja wa ofisi. Nimemwambia nimo katika mambo mazito, yaani baros. Ameondoka na chai yangu.

Alhamisi, 6 Machi
Mlo wa jioni kwa wakwe. Mzee alipojimiminia chai, nikadokeza taratibu kwamba themosi yake ina joto la Kigiriki. Akaitikia kwa kichwa. Nikamwongezea kilo, kwamba nayo ni ya Wagiriki. Akaacha kutafuna. Ningeishia hapo, ningelala mrithi. Nikaendelea: sentimita, Kigiriki kitupu. Rula akanong'ona, kwa mnong'ono wa kusikika hadi jikoni, kwamba mita ni ya Wagiriki lakini senti ni Kilatini. Nikasema basi hata "pima" ni Kigiriki. Mama mkwe akauliza kama nina homa.

Ijumaa, 7 Machi
Mzee ametutuma sote wawili tukaweke vigingi kwenye kiwanja cha msusi. Nilishika mwanzo wa tepu, Rula akaenda na mwisho. Msusi alisimama kando yangu, karibu na tangi lake la maji la duara. Nafasi hiyo. Nikamweleza dayamita: dia ni kupitia katikati, metron ni kile kile kipimo. Katika kumchorea duara hewani, nikaishika tepu penye alama ya mita moja badala ya sifuri. Rula alipohakiki, kiwanja kilikuwa kimepungua mita nzima. Msusi akaniuliza mita yake imekwenda wapi. Nikamwambia asili yake ni Ugiriki. Hakucheka.

Jumamosi, 8 Machi
Mzee ameniita ofisini. Alizungumza kwa upole, na hilo ndilo lililoniumiza. Ofisi ni ya Rula. Mimi nibaki na ramani zangu, tepu nisiiguse tena. Rula akanipa mkono bila kinyongo chochote. Mtu wa ajabu.

Jumapili, 9 Machi
Mama mkwe alitaka pazia jipya la sebuleni. Kwa kuwa tepu nimekatazwa, nimempimia dirisha kwa shubiri za mkono wangu, huku nikimweleza perimita: peri ni kuzunguka. Hakunikatiza hata mara moja. Akakata kitambaa, akashona, tukatundika. Pazia limefika nusu ya dirisha. Amelitazama kwa muda mrefu, akanitazama mimi, kisha akasema anakwenda kuzungumza na Mzee juu yangu.

Hatimaye. Nimeanza kuandika hotuba ya shukrani.