Mlanzi wa Mpaka

Jumatatu, 7 Machi 1960

Nimeamua. Nitakuwa mjumbe wa Baraza la Kutunga Sheria. Nimemwambia mke wangu Avelina wakati anamenya viazi. Akauliza kama nimefunga zizi la nguruwe. Wake wa watu wakubwa ndivyo walivyo.

Habari ni ya kweli, nimeisikia Makambako stendi. Mwaka 1958 Nyanda za Juu za Kusini nzima ilikuwa jimbo moja la uchaguzi, na kila mpiga kura alichagua watu watatu: Mwafrika, Mzungu na Mwasia. Mtu kama mimi angejulikanaje huko Mbeya? Sasa wanaligawa. Njombe itapata jimbo lake! Mgombea anatakiwa awe na wadhamini, nao wawe wapiga kura wa jimbo hilo hilo. Wangu ninao: ndugu zangu wote wa kilima hiki, wanaojua kusoma na wanaosema wanajua.

Kikwazo ni kimoja. Efraimu, jirani yangu ng'ambo ya kijito, mwenye mashine ya kusaga. Anaongoza kwaya ya Walutheri. Akiinua mkono, mlima mzima unaimba. Jana kanisalimu kwa heshima mno. Mtu hasalimu vile kama hana mpango wa kugombea.

Alhamisi Bwana Shauri, ofisa wa serikali, anakuja kutoka bomani Njombe kukagua mahali wilaya yetu inapoishia na Iringa inapoanzia. Kila mtu anajua: mpaka ni ule mlanzi mzee, mwanzi unaotoa pombe ya ulanzi, juu kabisa, ukipita shamba la Efraimu. Wazee waliafikiana tangu enzi za Mjerumani. Chini ya mlanzi Njombe, juu yake Iringa.

Sasa basi. Mlanzi ukishuka mpaka kwenye kijito, Efraimu ataamka Iringa. Na kwaya yake!

Jumanne, 8 Machi

Efraimu kaenda Njombe kutafuta mkanda wa mashine. Mungu yu upande wangu.

Mlanzi ni mwanzi tu, nilijiambia, na mwanzi ni nyasi iliyojisahau. Uongo mtupu! Mizizi yake inashika ardhi kuliko mjane anavyoshika shamba. Bahati nzuri umezeeka, umebaki na fito chache. Nimemchukua shemeji yangu Laurenti, mdogo wake Avelina, mwenye mabega. Nikamwambia ni kitubio cha Kwaresima. Akauliza kitubio cha nani, maana mzigo anabeba yeye. Kijana hana imani.

Tumeupanda kando ya kijito. Umesimama kidogo upande, lakini umesimama. Mgongo unaniuma. Njia ya uongozi ina mawe.

Jumatano, 9 Machi

Balaa!

Sijagusa ulanzi tangu Jumatano ya Majivu. Hiyo ndiyo iliyoniponza. Mtu anayekunywa asingesahau kamwe: masika yakiwapo, kila mlanzi una mgemaji wake, na mgemaji huja asubuhi na jioni kukata ncha na kubadilisha mbeta inayokinga pombe. Mimi nilifunga mdomo, na akili nayo ikafunga. Dini inagharimu.

Bibi Teodora, mgemaji wa mlanzi ule, kafika alfajiri na kisu chake, akakuta shimo. Kapiga kelele kwa Kibena mpaka nguruwe wangu wakanyamaza. Halafu kafuata udongo uliokuwa ukimdondoka Laurenti njia nzima (nilimwambia afunge gunia vizuri!) hadi kijitoni. Hakuuliza nani kafanya. Alisema mlanzi ulioanza kutembea bora utembee mpaka nyumbani kwa mwenyewe. Kaita wakwe zake. Wameung'oa, wameubeba, wameupanda nyuma ya jiko lake.

Nyumba ya Bibi Teodora iko chini yetu. Chini yangu, chini ya kaka zangu, chini ya kila mdhamini niliye naye. Sote tutakuwa Iringa!

Nimekwenda kumbembeleza. Kanikaribisha vizuri, kanijazia kikombe. Nikasema siwezi, bibi, ni Kwaresima. Akajibu kwamba asiyekunywa ulanzi wake hana kesi na mlanzi wake. Akamimina kikombe changu kwenye chake.

Alhamisi, 10 Machi

Bwana Shauri kafika. Landrova ilikwama kwenye tope chini ya kilima. Nilikuwa wa kwanza kusukuma, nikiwa na koti langu la kanisani, ili anikumbuke. Gurudumu lilizunguka. Bila shaka atanikumbuka.

Akauliza ulipo mlanzi wa mpaka. Wazee, ambao walikuwa wanaonja tangu asubuhi, wakampeleka moja kwa moja nyuma ya jiko la Bibi Teodora. Mzee Elieza akaapa mbele ya watu wote kuwa huo ndio mlanzi wenyewe aliooneshwa na marehemu baba yake. Hakusema uongo! Mlanzi ni ule ule. Aliulizwa mlanzi, hakuulizwa ardhi.

Nikanyoosha mkono. Nikasema mlanzi umehamishwa. Bwana Shauri akauliza umehamishwa na nani. Watu wakanitazama. Laurenti akakohoa.

Nikasema upepo.

Makambako ina upepo, hata bomani wanajua. Bwana Shauri akatazama tope la koti langu, akasema mpaka ni hapo. Akakubali kikombe cha Bibi Teodora, akaondoka.

Basi. Mimi ni mtu wa Iringa. Sijawahi hata kulala Iringa.

Ijumaa, 11 Machi

Efraimu kaja kunipa pole. Pole gani, na yeye kaangukia Iringa vile vile? Akasema mahindi hayajui jimbo, watu wataendelea kusaga. Kilichomsikitisha ni kingine: yeye alishapanga kuwa mdhamini wangu wa kwanza, na kwaya nzima ingefuata. Hajawahi kufikiria kugombea.

Nikamwuliza kwa nini anidhamini mimi. Alisita, ni mtu wa adabu. Kisha akasema kilima chote kilisikia kuwa mjumbe hukaa sana Dar es Salaam.

Nimeumia. Naandika wazi kabisa: nimeumia.

Avelina anasema njia bado ipo. Bwana Shauri yuko Njombe. Niende, niseme ukweli, mlanzi utarudishwa mahali pake, na mimi nitapata wadhamini wangu, na wa Efraimu juu yake. Kaniandalia hadi viazi vya safarini. Baba Oktavia, ananiita kwa jina la binti yetu, neno moja tu.

Kukiri? Mimi? Nimekula vile viazi hapa hapa kwenye kiti changu. Mjumbe hakiri.

Jumapili, 13 Machi

Padre kahubiri juu ya unyenyekevu. Sijui alikuwa anamsema nani.

Lakini katikati ya mahubiri nimepata mwanga. Kwa nini nimlilie Njombe? Kwa nini nimnyenyekee Iringa? Barabara ya Songea inaanzia hapa. Anayetoka Mbeya anapita hapa. Makambako iwe na jimbo lake yenyewe! Nimewatangazia watu baada ya Misa. Wamecheka mpaka mama mmoja kakaa chini. Jimbo la Makambako, eti! Wacheke. Ipo siku.

Na safari hii mipaka naipanga mwenyewe, sitegemei mmea wowote. Efraimu nje, kwa ile pole yake. Bibi Teodora nje. Wazee wote nje. Laurenti nje, kwa kukohoa. Kaka zangu walicheka kanisani: nje. Padre nimemfikiria sana, naye nje.

Limebaki boma langu. Jimbo dogo, lakini safi. Nikamwuliza Avelina kama kura yake ninayo. Akasema atafikiri.

Mpiga kura anayefikiri ni hatari. Nimesogeza mpaka kidogo, sasa unapita uani, kati ya nyumba na jiko. Nikamtangazia kwa sauti, kama serikali. Avelina kajibu kutoka jikoni kwamba ameelewa, na kwamba chakula cha jimbo lake hakivuki.

Kunde zinanukia hadi huku. Sirudishi mpaka hata unyayo mmoja! Leo nalala njaa, lakini nimepita bila kupingwa.