Muhtasari wa Mwenyekiti

Laurean alipomsikia Ravi, mwenye mgahawa karibu na stesheni ya Rayners Lane huko Uingereza, akilalamika kwamba pikipiki zake za kupelekea chakula hazina pa kuegeshwa, masikio yalimsimama. Nyuma ya mgahawa ule kulikuwa na kiwanja kidogo kilichojaa magugu na magodoro ya kutupwa. Hati yake ilikuwa na jina la Laurean, aliyekinunua mnadani zamani kwa bei ya friji.

"Kile kiwanja nakupa pauni elfu thelathini," Ravi akasema.

"Nitafikiria," akajibu Laurean, ambaye tayari alikuwa ameona hamsini. Kilichobaki ni kupata mshindani wa kumtia Ravi joto.

Alimpata Jumamosi kule Hayes, kwenye mkutano mkuu wa chama cha Watanzania. Laurean alikuwa mwenyekiti, na siku hiyo alikuwa anagombea tena. Katibu wake, Placida, alikuwa muuguzi aliyedunduliza miaka kumi na moja apate pa kufungua jiko la vyakula vya sherehe. Kile kiwanja alikuwa amekiulizia mpaka akachoka.

"Ndugu wajumbe!" Laurean akanguruma. "Kiwanja changu cha karibu na stesheni, chote, namuuzia dada yetu Placida kwa pauni elfu ishirini. Makabidhiano mwisho wa mwezi. Dada, umekubali?"

"Nimekubali, Mwenyekiti."

Vigelegele! Kura zikamiminika.

Wala Laurean hakuwa na wasiwasi. Sheria ya Uingereza alikuwa ameichimba: ardhi haiuzwi kwa mdomo. Mpaka masharti yote yakae kwenye karatasi na pande zote mbili zitie sahihi, hayo ni maongezi tu, kama ya kinyozi.

Pilau ikaingia. Placida akamsogezea karatasi. "Muhtasari, Mwenyekiti. Wewe hapa, mimi hapa." Laurean, macho kwenye nyama, akasaini kama alivyosaini mihtasari yote ya uongozi wake: bila kusoma hata tarehe.

Habari kwamba kiwanja kimepata mnunuzi zikamfikia Ravi pilau haijatulia tumboni. Jumatatu akapiga simu: hamsini!

Laurean akaenda kwa Placida amevaa uso wa msiba. "Dada yangu, yale ya Jumamosi... familia imekataa. Na yalikuwa mazungumzo tu. Hapa siyo kwetu, ardhi ni maandishi."

"Kweli kabisa, kaka. Ndiyo maana niliandika."

Akafungua faili. Ajenda ya nne: muuzaji, mnunuzi, kiwanja, bei, siku ya makabidhiano. Chini, sahihi ya Mwenyekiti, yenye mbwembwe zake zote. Pembeni, ya Katibu.

"Lakini huu ni muhtasari wa chama!"

"Wakili wangu, Alka, kausoma mara mbili. Karatasi moja, masharti yote, sahihi zetu wote wawili. Anasema ukigoma, twende kwa jaji."

"Placida, mimi sikusoma!"

"Basi ukaseme hivyo kortini. Wajumbe waliokupigia kura watakuja kukusikiliza, wote."

Laurean akakaa chini bila kukaribishwa. Simu ikalia mfukoni mwake: Ravi. Placida akanyoosha mkono, na mwenyekiti, kwa mara ya kwanza katika uongozi wake, akatii, akampa simu.

"Ravi, habari za kazi? Ndiyo, mnunuzi ni mimi. Pikipiki zako? Jiko langu litakaa nyuma, hizo nitazikodishia nafasi mbele... Hapana, kaka, bei hatuongei kwenye simu. Njoo na kalamu."