Jiwe la Kwanza na Banda la Gari

“Mama, ardhi haijakosea. Wewe ndiye uliyekaa vibaya!”

“Nimekaa vibaya wapi? Nyumba ile aliijenga marehemu baba yangu kwa mikono yake, mimi nikimbebea maji ya udongo. Leo unaniambia imekaa barabarani?”

“Sisemi mimi. Ramani ndiyo inayosema.”

Mabishano yalikuwa yamepamba moto nilipoingia ofisini kwa Mkurugenzi wa Viwanja na chai yake. Mimi ni Katibu wa Kamati ya Kuoanisha Wananchi na Ardhi Yao, kwa hiyo chai ni sehemu ya majukumu yangu. Mwanamke aliyeshika kiuno mbele ya meza ni fundi cherehani, jirani yetu wa ukuta kwa ukuta, anayeitwa na mtaa mzima Mama Vifungo. Nje, tingatinga lilinguruma mbele ya nyumba yake. Ndani ya nyumba hiyo alikuwamo mama yake mzazi, aliyekataa katakata kutoka kitandani.

Asubuhi hiyo Mheshimiwa Mkurugenzi alikuwa ametangaza kwa kipaza sauti jambo la kihistoria: mji wetu umepata ramani mpya, nayo imegundua kwamba wakazi karibu wote wanaishi mahali pasipo pao. Jiko la mwalimu limo sebuleni kwa muuza mkaa. Barabara inapita chumbani kwa Mama Vifungo, na magari yote yaliyokuwa yakipita pale nje miaka nenda rudi yalikuwa yakikatiza uani kwa watu bila hodi.

Chanzo chake ni cha kitaalamu, nitakirahisisha. Viwanja vyote vya mji hupimwa kuanzia Jiwe la Kwanza, lililoko kwenye ua wa ofisi yetu. Mwezi uliopita jiwe hilo lilibainika kukaa pale pale ambapo Mheshimiwa alitaka kujenga banda la gari lake jipya. Kamati ilikaa, ikaona si vizuri jiwe kuzuia maendeleo. Tukalihamishia upande wa pili wa ua, kuelekea jalalani. Mheshimiwa aliagiza hata lipakwe chokaa, lisijione limeonewa. Wapimaji walipokuja wakaanzia kwenye jiwe, kama kawaida yao, na mji mzima ukasogea nalo.

Watu wenye mawazo finyu wangerudisha jiwe. Sisi tuliona ni nafuu kuwahamisha watu.

“Haya,” Mama Vifungo alisema, sauti yake ikishuka ghafla. “Kwani kiwanja changu kimefutwa?”

“Hakuna aliyefutiwa, mama! Hatumnyang’anyi mtu hapa. Kila mtu anacho chake, ila kimesogea kidogo.”

“Kimesogea kwenda wapi?”

Mheshimiwa akanitazama. Mimi nikaitazama chai. Swali hilo halikuwamo kwenye mpango kazi.

Ramani ilikuwa ukutani, lakini kona ya mtaa wetu ilifunikwa na picha kubwa ya Mheshimiwa akikata utepe kuzindua banda la gari. Picha ilikuwa pale kwa sababu msumari ulikuwa pale.

“Usiguse hiyo picha!”

Mama Vifungo aliigusa. Aliitungua kabisa, akaiegemeza ukutani kichwa chini, kisha akafuata mistari kwa kidole kilichozoea sindano.

“Barabara hii hapa, juu ya kitanda cha mama yangu. Kiwanja changu hiki hapa. Katibu, humu ndani ni kwa nani?”

“Ofisini kwa Mheshimiwa,” nilijibu.

“Na kiwanja cha ofisi?”

“Jalalani, mama.”

Dereva wa tingatinga akachungulia dirishani. “Wakubwa, nibomoe au nizime? Mafuta yanateketea bure.”

“Njoo, mwanangu,” Mama Vifungo alisema. “Hebu niambie, wamekuagiza ubomoe nini?”

“Jengo lolote lililokutwa barabarani au kwenye kiwanja cha mwingine, leo hii hii, bila kujali cheo cha mwenye jengo.”

Maneno ya mwisho aliyaongeza Mheshimiwa mwenyewe, apigiwe makofi. Alipigiwa.

“Basi umekosea mlango. Kiwanja changu ni hiki tuliposimama. Anza na hapa.”

“Haina shida, mama.”

Kwake yeye, ukuta ni ukuta. Akapanda, tingatinga likageuka, kikombe cha chai kikaanza kucheza juu ya meza.

“Katibu, itisha kamati!”

“Imetimia, Mheshimiwa. Ni mimi na wewe.”

“Napendekeza marekebisho madogo. Ofisi isihusike.”

“Sawa. Nitoke nikawatangazie?”

Akatazama nje. Mwalimu, muuza mkaa na nusu ya mji walikuwa wamesimama na magodoro yao kichwani, wakisubiri kuona cheo kisivyojaliwa.

Mama Vifungo akavuta kiti cha Mheshimiwa, akakikalia. “Mimi sina haraka. Cherehani yangu itakaa hapa penye mwanga. Wewe nenda jalalani, kuna upepo mzuri.”

“Mama, tuelewane.”

“Tuelewane nini? Rudisha jiwe.”

“Haliwezi kurudi. Mahali pake pana banda.”

“Banda la nani?”

Chuma cha tingatinga kiligusa nondo za dirisha, na vumbi la plasta likamwagikia Mheshimiwa kwenye mabega ya suti. Akatoa kichwa nje.

“Wewe dereva! Siyo hapa! Nenda kabomoe banda!”

“La gari?”

“La gari!”

“Gari limo ndani, mzee.”

Ukuta ukapasuka kutoka kona hadi kwenye msumari.

“Bomoa!”

Likabomolewa, na gari likiwamo. Zoezi lilikwenda vizuri, bila upinzani wa wananchi, na ushirikishwaji ulikuwa wa hali ya juu: mwalimu na muuza mkaa waliweka magodoro chini, wakaliviringisha jiwe hadi mahali pake kabla vumbi halijatulia.

Ndipo mama yake Mama Vifungo alipotoka kitandani kwa hiari yake, akabeba kigoda hadi kwenye ua wetu, akaketi.

“We kijana,” alimwita dereva. “Ile nguzo ya kona ya banda umeiacha.”

Dereva akarudisha tingatinga nyuma, akaimaliza.