Shikamoo Niliyoipa Shuka

Jamani, leo nimejiaibisha mbele ya Nyakasimbi nzima. Masikio bado yananiwaka.

Mnajua mwalimu Petro ametengeneza filamu ya maisha ya hapa kwetu kwa kamera ya kuazima. Haina sauti. Akaniomba niitungie muziki kwa enanga, hiki kinanda changu cha nyuzi. "Sitaki wa kuchezea ngoma," akasema. "Nataka watu wausikie umande wa asubuhi."

(Umande unapigwa kwa uzi upi? Nimehangaika wiki nzima, wasikilizaji wangu mbuzi wa jirani.)

Nilikubali kwa sababu ya Koku. Ananipenda, ila mama yake ndiye mtihani. Tangu wazee wangu wapeleke posa, hajanitazama usoni hata mara moja. Tukikutana njiani anaangalia migomba. Alimwambia Koku, "Mpiga enanga atakulisha nyuzi? Acha kwanza nimsikie." Leo ndipo alipokuja kunisikia.

Darasa lilijaa. Madirisha yalizibwa kwa mablanketi, shuka jeupe likatundikwa ukutani. Nikaketi sakafuni mbele ya shuka, enanga mapajani. Mama Koku alikuwa benchi la nyuma kabisa.

Mashine ikanguruma. Ukungu ukatokea juu ya mashamba ya Rugu, nami nikagusa nyuzi taratibu. Watu kimya! Hata watoto. Nikajisemea, umande ndio huo! Nikafumba macho kwa raha (hapo ndipo nilipoharibu).

Kufumbua, Mama Koku huyu hapa mbele yangu! Mkubwa kama mlango, anamenya ndizi. Mwalimu hakuniambia kwamba alimpiga picha. Mara akainua uso, akanitazama machoni, akatabasamu.

Mimi! Ananitabasamia mimi! Moyo ukalainika, nikasahau kama kuna sinema duniani. Mama mkwe akikutazama hivyo, utabaki umeketi na kinanda mapajani? Nikaweka enanga chini, nikapiga magoti, nikainamisha kichwa.

"Shikamoo, mama!"

Akaendelea kumenya ndizi.

Nikadhani hakusikia. "SHIKAMOO, MAMA!"

Darasa likalipuka kwa kicheko. Mwalimu Petro akapiga kelele, "Wee, toka hapo, unaziba picha!" Nikainua macho. Kivuli changu kilikuwa pale shukani, kimepiga magoti katikati ya ndizi zake.

Nilitamani ardhi ipasuke. Sikuwa nafikiria kicheko, nilikuwa namfikiria Koku. Nikajua posa yangu imekwenda na maji.

Kisha sauti ikatoka benchi la nyuma.

"Marahaba, mkwe wangu. Sasa kaa upige. Nilikuwa nasikia asubuhi za nyumbani kwa mama yangu."

Mkwe! Mmesikia? Kasema mkwe! Nikapiga huku machozi yananitoka, nyuzi nyingine nikazikosa kabisa, na hakuna aliyejali.

Basi chekeni mmalize leo leo. Jumamosi nawahitaji mnisaidie kubeba mitungi ya rubisi, pombe yetu ya ndizi, kwa Mama Koku, na safari hii nitahakikisha kwanza kwamba anapumua ndipo nimwamkie.