Mtunzi wa Finland Ndani ya Gari Langu

Jumapili, 2 Novemba
Mungu yupo! Mudir, bosi wetu madereva hapa Doha, kanipa mgeni wa kumwendesha wiki nzima: Bwana Eero, mtunzi wa muziki wa filamu kutoka Finland. Mrefu kama mlingoti, koti la baridi mkononi, jasho tele. Njiani kanisimulia maisha yake. Alikuwa mpiga piano tu. Siku moja mwigizaji wa kasisi akaugua, akavalishwa joho yeye. Tangu hapo kila filamu anaitungia muziki na kuigiza kidogo: kasisi, mlevi, maiti mara tatu. Nikajiambia, Dedan, kinanda unapiga kanisani, sura unayo. Unangoja nini?

Jumatatu, 3 Novemba
Mpango: nicheze wimbo wangu kwenye gari, adhani ni redio ya Doha. Tatizo ni kiyoyozi. Kinalia kwii-kwi-kwi kutwa nzima. Jioni nimekipeleka kwa fundi, mtaa wa Najma. Kimya kabisa! Japheth, dereva mwenzangu tunayelala chumba kimoja, kanicheka. Chake kinalia kuliko changu na wala hajali.

Jumanne, 4 Novemba
Nimecheza wimbo asubuhi yote. Bwana Eero hakuusikia! Alikuwa ametega sikio kwenye kiyoyozi. Akaniuliza kwa huzuni ile sauti ya jana imeenda wapi, maana ameitungia muziki na leo alitaka kuirekodi. Nikasema kwa fahari kwamba kiyoyozi nimekitengeneza. Akashika kichwa. Kisha akahamia gari la Japheth. Japheth! Mtu ambaye hata makofi anapiga nje ya mdundo!

Jumatano, 5 Novemba
Eti jina la Japheth litaonekana mwishoni mwa filamu. Sasa anavaa miwani ya jua chumbani. Nimesusia ugali wake. (Nilionja tu.)

Alhamisi, 6 Novemba
Nafasi! Wanapiga picha za filamu shambani, Umm Salal, nje ya Doha. Bwana Eero anaigiza mtalii aliyepotea, na anahitajika dereva bubu. Yeye mwenyewe kanipendekeza. Mwongozaji, Melissa, akaniambia, "Dedan, wewe kaa tu. Usiseme kitu." Nikakaa. Nikaona nimezidi kuwa kama kiti. Nikaimba. Ubeti wa kwanza ulienda vizuri sana. Kufika kwenye kiitikio, mbuzi wote wa filamu wakatimua mbio. Tumewasaka mpaka jua limezama. Nafasi yangu kapewa Japheth.

Ijumaa, 7 Novemba
Nimempeleka Bwana Eero uwanja wa ndege. Nikamwomba radhi. Akacheka mpaka machozi. Akasema maiti yake ya kwanza ilipiga chafya katikati ya mazishi. Akanishika bega. "Dedan, ukimya nao ni muziki. Jifunze huo kwanza." Mtu mwema jamani! Nimelia njiani hadi mtaa wa Al Thumama.

Jumamosi, 8 Novemba
Nimemwelewa kabisa. Leo nimetunga wimbo kuhusu ukimya. Una beti kumi na mbili, na kiitikio cha kuimbwa kwa kelele. Kesho nampokea mgeni mwingine, daktari wa masikio. Nitaanza kuuimba kabla hajafunga mkanda.