Robo Saa ya Chokoleti kwa Mama Émérance

Jumatatu, 4 Machi 2002. Rumonge

Nimekwama! Barabara ya kusini imefungwa. Askari wa kizuizini anasema huko kwenye msitu wa Kigwena mambo si mazuri, nirudi kesho kuuliza. Nikamweleza kwa utulivu kwamba mimi ni Hamdan, muuza vitambaa wa Bujumbura, na naenda Nyanza-Lac kuposa. Akanipa hongera. Mwanzi wa kizuizi hakuuinua.

Kuposa, ndiyo. Naandika ili siku moja nisome na kujivunia. Umri wangu miaka thelathini na tisa. Hindu, binti wa Mzee Marhun mwenye duka pale Nyanza-Lac, alinitazama mara mbili kwenye harusi ya binamu yangu. Mara ya pili alicheka. Baba yake ameniita Alhamisi nijieleze. Akinikataa, basi tena: nitaendelea kula wali wa jana peke yangu, nikibishana na redio.

Nimepata chumba kwenye nyumba ya wageni ya Mama Émérance, karibu na ziwa. Kitanda cha pili kina mtu. Nani? Hamisi! Hamisi muuza samaki, mtu wa Uvira, mwenye gunia la samaki wakavu na tabasamu lisilokwisha. Naye anaenda Nyanza-Lac. Naye kaitwa Alhamisi. Naye kwa Mzee Marhun! Yaani mzee anatupanga pamoja kama nyanya za sokoni, achague.

Hamisi alinikumbatia. Akasema, "Kaka Hamdan, Mungu iko mukubwa, tutasafiri pamoja!" Nitalala nimeziba pua.

Jumanne, 5 Machi

Barabara bado. Askari yule yule, jibu lile lile.

Lakini nimegundua jambo. Mama Émérance alifanya kazi miaka kumi na tisa kwenye duka la chokoleti huko Ubelgiji. Akarudi nyumbani apumzike, mwaka uliofuata vita vikaanza. Hajuti, anasema. Dada yake bado humtumia chokoleti kupitia mapadri, naye huitunza ndani ya friji ya mafuta ya taa, ufunguo shingoni. Wageni wakikwama, saa kumi jioni huwapa somo la robo saa, jinsi ya kuonja chokoleti kwa utaratibu. Anasema mtu akishughulika na kuonja hana nafasi ya kuogopa.

Akili yangu ikawaka hapo hapo. Mzee Marhun anapenda watu waliostaarabika. Hamisi ataingia na samaki. Mimi nitaingia na chokoleti, tena na elimu yake! Nimejiandikisha kwa kesho.

Tatizo likazuka: Hamisi naye akataka kujiandikisha. Nikamvuta pembeni. Nikamwambia, kama ndugu, ajihadhari, chokoleti hizi za Ulaya zina pombe ndani. Uongo mtupu. Nilikuwa nimeshasoma karatasi iliyofungiwa chokoleti: kakao, sukari na maziwa. Hamisi akashika kifua. Akauliza, na mimi je? Nikasema mimi naenda kuchunguza tu, kwa niaba ya Waislamu wote.

Akasema, "Murakoze, kaka. Kumbe ningeharibikiwa!" Akaenda kugeuza samaki wake juani. Kabla ya magharibi alikuwa amenishukuru mara tatu. Sijawahi kuwa na mpinzani mwepesi hivi.

Jumatano, 6 Machi

Somo! Saa kumi kamili. Wanafunzi tulikuwa mimi na wasafiri wawili waliokwama kama mimi.

Kabla ya yote Mama Émérance alimega kipande, akakitia kinywani na kukimeza palepale huku anatutazama. Ni mila ya hapa kwetu Burundi: anayekupa kitu cha kula au kunywa hukionja yeye kwanza, chapuchapu, ili uone hakina sumu. Hiyo sikuiandika kwenye daftari. Mambo ya tangu utotoni. Mimi nilifuata ya Ulaya.

Na ya Ulaya ni haya. Kwanza, unaitazama chokoleti kwa makini, unaigeuza kwenye mwanga. Pili, unaivunja karibu na sikio, na iliyo nzuri inalia tak! Tatu, unafumba macho na kunusa mara tatu. Nne, unaiweka ulimini na kungoja. Hutafuni. Mimi nilitafuna. Mama Émérance akanigonga mkono kwa kijiko: "Monsieur Hamdan, hii iko chokoleti, haiko muhogo! Uiache iyeyuke yenyewe!"

Tulipofika tena kwenye kuvunja, ikalia tak! Mara huko milimani ikalia nyingine, kubwa zaidi. Tukajikuta chini ya meza, mimi wa kwanza. Mama Émérance alibaki kwenye kiti chake. Akasikiliza. Akasema hiyo ya pili si yake, na iko mbali, tuendelee kabla hii haijaharibika na joto. Tukamalizia somo chini ya meza. Niseme ukweli, kwa kuwa hakuna atakayesoma: nilikuwa natetemeka kama kuku aliyenyeshewa. Chokoleti ikaanza kuyeyuka ulimini, nikawa naisikiliza hiyo tu, na baadaye nikaona mikono yangu imetulia. Sijui ilitulia saa ngapi.

Baada ya somo nilimwomba chokoleti nzima ya zawadi. Hakutaka. Nikamwonyesha saa yangu ya mkono. Akataka. Sasa ninayo, ndani ya karatasi ya dhahabu! Jioni nimefanya mazoezi ya kunusa kwa kutumia kipande cha sabuni, hadi Hamisi akaniuliza kama nina mafua.

Alhamisi, 7 Machi. Nyanza-Lac

Barabara imefunguliwa alfajiri. Nilikaribia kuachwa, maana sina saa. Hamisi alisimama mbele ya gari na kukataa kupanda mpaka nitoke bafuni. Aibu yake mwenyewe, mimi nisingemngoja.

Magari kumi na moja nyuma ya lori la askari. Chokoleti nilikuwa nimeizungushia kitambaa chenye maji na jani la mgomba, nikaipakata safari nzima. Kigwena tulipita kwa kasi, kila mtu akimwomba Mungu kwa dini yake. Tukafika salama. Chokoleti pia.

Sebule ya Mzee Marhun. Mzee kwenye kiti kikubwa. Hindu na shangazi yake nyuma ya pazia, niliona vidole vya miguu vyenye hina. Hamisi akaanza. Akatoa mukeke mkavu, samaki wa ziwa letu, akamega mkiani, akatafuna, akameza, akalamba vidole, akamkabidhi mzee. Yote kwa muda wa kupiga chafya. Mzee akatikisa kichwa kwa kuridhika. Nilimhurumia Hamisi kwa ushamba ule.

Zamu yangu! Nikafungua karatasi polepole. Mzee akasema, "Onja kwanza, mwanangu." Nikasema bila shaka, Mzee wangu. Nikaitazama chokoleti kwa makini, juu na chini. Nikaigeuza kwenye mwanga wa dirisha. Nikaivunja karibu na sikio, nikasikiliza. Sebule nzima kimya, nikajua nimewashika. Nikafumba macho nikanusa. Nikanusa tena. Nikanusa mara ya tatu, kwa ncha ya pua. Nikaiweka ulimini na kungoja, bila kutafuna, bila kumeza. Nilipofumbua macho, Mzee Marhun alikuwa amesogeza kiti chake hadi ukutani.

Akaniuliza mbona naogopa zawadi yangu mwenyewe. Nitajibuje, na mdomo umejaa? Akaniamuru nimeze. Nikainua kidole kumwomba asubiri, bado haijayeyuka. Akamtaja Mwenyezi Mungu. Akasema ameishi nchi hii miaka sitini na mitano na hajapata kuona mtu ananusa sumu yake mbele ya anayetaka kumlisha!

Hapo Hamisi, kwa moyo mweupe kabisa, akasimama kunitetea. "Hapana, Mzee, sumu haiko! Iko pombe tu ndani. Kaka Hamdan yeye mwenyewe aliniambia."

Nilionyeshwa mlango. Chokoleti ilibaki juu ya meza. Nyuma ya pazia kuna mtu alikuwa anacheka hadi anakohoa.

Ijumaa, 8 Machi. Rumonge

Nimerudi na msafara wa asubuhi. Peke yangu. Nimeswali Ijumaa na sikusikia neno moja la hotuba.

Nina huzuni. Maneno ya mzee nayaweza, ni mzee. Lakini kile kicheko cha nyuma ya pazia nimerudi nacho hadi hapa. Hamisi kabaki huko, wamemkaribisha chakula cha mchana. Najua walikula nini. Mukeke!

Nimemlalamikia Mama Émérance. Alinisikiliza hadi mwisho, mikono kiunoni, saa yangu ikimng'aa mkononi. Akaniuliza kama kweli nilinusa mara tatu mbele ya mtu aliyeniambia nionje kwanza. Nikasema ndiyo, kama alivyonifundisha. Akasema "Mon Dieu" na kuketi. Kisha akanieleza taratibu, kama anaongea na mgonjwa, kwamba somo lake mtu anaonja kwa ajili ya ulimi wake mwenyewe, lakini zawadi anaonja kwa ajili ya moyo wa mwenzake.

Maneno mazuri sana. Nadhani alimaanisha ningenusa mara nne.

Jumamosi, 9 Machi

Barua! Dereva mmoja kaniletea kutoka Nyanza-Lac. Mwandiko wa Hindu. Nimeisoma mara saba, mbili kati ya hizo nikiwa nimesimama juu ya kitanda.

Anasema hajacheka vile tangu vita vianze, na kwamba hakunicheka kwa ubaya, nisiwe na kinyongo naye. Anasema nilipoondoka aliila ile chokoleti yote mbele ya baba yake. Hakufa. Hakulewa. Kisha akamsomea karatasi, neno kwa neno, na mzee akauliza kama hakuna iliyobaki. Na Hamisi je? Hamisi anaomba ruhusa ya kumposa shangazi! Walikaa kula mukeke wakaongea habari za Uvira hadi alasiri.

Mzee amepoa. Nije kesho, Jumapili, baada ya adhuhuri. Nije na juisi ya tunda la marakuja, nimimine kwenye glasi, nionje kidogo, nimeze, nimpe mzee. Basi. Neno "nimeze" amelipigia mistari miwili. Chini kabisa ameandika: "Tafadhali Hamdan, usiongeze kitu kingine chochote. Mimi nakutaka."

Ananitaka! Nimelia. Nimetoka nje nikamwambia askari wa kizuizini. Akanipa hongera tena, na safari hii akauinua mwanzi, ingawa sikuwa na gari wala safari.

Nimetafakari mchana kutwa. Hindu ana huruma, hataki kunisumbua, ndiyo maana anasema juisi tupu inatosha. Lakini mtu wa heshima harudi kuposa akiwa hana alichojifunza. Na Mungu si Athumani! Leo amekwama hapa bwana mmoja, Sylvestre, mwonjaji wa kahawa kutoka Bujumbura. Kazi yake ni kuionja kahawa kabla haijapelekwa ng'ambo, wataalamu wa huko wanangoja neno lake. Nimempa viatu vyangu vizuri, naye kanipa somo lote.

Ni rahisi kuliko chokoleti. Kunusa ni mara moja tu, kwa hiyo kosa la Alhamisi haliwezi kujirudia. Unavuta kinywaji mdomoni kwa kelele, na kelele ikiwa kubwa ndiyo utaalamu wenyewe. Unakizungusha toka shavu hadi shavu, macho kwa mwenzako. Kisha unakitema kwenye ndoo.

Ndoo nimeshapata. Ya bluu, ina mfuniko.