Waraka wa Watu wa Muda

Kwa furaha kubwa naujulisha umma kwamba Idara yetu imemaliza kabisa tatizo la wafanyakazi wa muda wanaolalamika kuachishwa kazi bila notisi. Tumefuta notisi.

Zamani tulikuwa na utaratibu mzuri tu. Kila baada ya miezi mitatu, mtu wa mkataba aliachishwa Ijumaa saa sita na kuajiriwa upya Jumatatu saa mbili, asije akazoea. Mama Masijala, mtunza mafaili wetu, ameachishwa hivyo mara arobaini na nne, na Jumatatu hajawahi kuchelewa.

Lakini binadamu hana shukrani. Akaja ofisini kwangu.

"Bosi, goti limeniharibika, na binti yangu ndiyo kwanza anamaliza shule. Siku mkinitoa moja kwa moja, nipeni notisi basi, hata ya mwezi mmoja. Nijipange."

"Mama, notisi ni ya watu wa kudumu."

"Miaka kumi na moja si kudumu?"

"Huko ni kurudiarudia."

Alinikera, sifichi. Mchana huohuo nikatoa Waraka: asiye na barua ya kuthibitishwa kazini ataondoka siku hiyohiyo, bila notisi, bila kuelezwa sababu, na kipengele cha nne, bila rufaa. Nikamwagiza yeye mwenyewe apekue mafaili na kuandaa barua za kuwaachisha, akianza na mwenye cheo cha juu, maana hata kufukuzana kuna itifaki.

"Yeyote asiyethibitishwa, bosi?"

"Yeyote! Sheria ni msumeno."

"Haya." Akatoka akichechemea.

Akarudi na rundo. Kiongozi mwenye shughuli hasomi anachosaini. Karani hufunua pembe ya chini ya karatasi, yeye anatia saini. Nikasaini zote, nikipiga mluzi. Mama akagonga muhuri ile ya kwanza, akanikabidhi kwa mikono miwili.

Ilikuwa yangu.

"Upuuzi gani huu?"

"Ndivyo faili lako linavyosema. Kaimu Mkurugenzi, kwa miezi sita. Miaka tisa iliyopita. Barua ya kukuthibitisha nimeitafuta mpaka chini ya kabati, haipo."

"Ichane!"

"Samahani, baba, siwezi kupokea amri ya mtu wa nje." Akalikusanya rundo lililobaki, na barua yake ikiwamo. "Na hizi zimesainiwa na mtu ambaye si mtumishi tena. Hazina nguvu."

Mlinzi wa geti, mtu wa muda tangu ndevu zake zikiwa nyeusi, akanivua kitambulisho. Nikamgeukia Mama. Jamani, nilimwomba! Hata mwezi mmoja tu, nijipange.

"Notisi ni ya watu wa kudumu," akasema, akarudi kwenye mafaili yake.

Sasa niko kwenye benchi nje ya geti, naandika rufaa. Tangu nitolewe natafuta upenyo katika kipengele cha nne, sioni hata tundu la sindano. Nilikiandika vizuri mno.